Sababu ya Sehemu ya Doto

Nchi ninayoisimulia hapa haipo. Nimeitafuta kwenye ramani za shule sikuiona, na msomaji atakayedhani ameiona dirishani kwake basi afunge dirisha aendelee kusoma. Mimi ni raia wake mtiifu, jina langu Athumani Ngwali, Karani Msaidizi wa Pili katika Idara ya Sababu, na nawaomba mapema msinitafutie maneno. Sijasema Serikali imekosea. Serikali yetu haijawahi kukosea tangu ilipopiga marufuku kukosea.

Idara yetu ilianzishwa na Mheshimiwa Profesa Lutambi, Waziri wa Utamaduni, aliporejea kutoka ng'ambo alikokaa miaka kumi na mmoja akisomea mila zetu. Alirudi na shahada, koti zito la baridi ambalo hakulivua hata mwezi wa joto, na nadharia. Nadharia yenyewe inaitwa uyakinifu wa utamaduni. Inasema hivi: hakuna mila inayozuka hewani. Ukiona watu wanaimba, wanatambika, wanakatazana kula hiki na kile, usiwaulize wao kwa nini, maana hawajui. Tazama matumbo yao, mashamba yao, mvua yao na idadi ya watoto wao. Sababu iko huko.

"Jamii ni nyumba," Profesa alitufundisha siku ya kwanza, akichora ubaoni. "Tumbo na shamba ndio msingi. Ukoo na serikali ndizo kuta. Nyimbo, dua, machozi na hadithi ni paa. Nani kati yenu amewahi kuona paa linaelea?"

Tukacheka kwa adabu. Nadharia ilikuwa nzuri, na mimi nasema mpaka leo kwamba ilikuwa nzuri. Mambo mengi nilikuwa sijawahi kuyaelewa nikayaelewa. Taabu ilianza ilipofanywa sheria.

Sheria ya Msingi, Kuta na Paa ilitaka kila mila, mwiko, wimbo na shairi lisajiliwe ndani ya siku tisini pamoja na sababu yake ya tumbo. Lisilo na sababu lingehesabiwa kuwa paa linaloelea, na lingeshushwa. Basi wee, foleni ya siku zile! Watu walilala nje ya ofisi na ngoma zao. Vigelele vilisajiliwa kuwa ni njia ya kufukuza ndege waharibifu mashambani, kwa hiyo arusi za mjini, kusiko na mashamba, zikafanywa kimya kimya kama kikao cha bodi. Msafara wa Waziri, magari kumi na tisa na ving'ora vyake, ulisajiliwa bila tabu. Sababu: kushindilia barabara.

Kulikuwa na mtunzi mmoja, Bi Rukia Mzuzuri, aliyeleta shairi la mapenzi. Kamati ya Fasihi ililirudisha mara nne. Ilimweleza kwamba mapenzi yake yalitokana na kupanda kwa bei ya pamba mwaka ule.

"Jamani, mimi sijawahi kulima pamba," alisema Bi Rukia.

"Ndiyo maana hukujua," wakamjibu.

Akakubali, masikini, akaitia bei ya pamba katika kila ubeti. Vina vilikaa sawa. Mume wake alipolisoma gazetini alimuuliza kama bado anampenda, na Bi Rukia akamwambia asubiri msimu wa mavuno.

Siku ya themanini na tatu nikatumwa Bonde la Mlowea. Huko wanawake mia mbili na kumi na wawili walikuwa hawajasajili mila yao moja, na barua zote tatu za kuwakumbusha zilikuwa zimefungiwa chumvi. Nilipofika nilielekezwa kwa mwanamke aitwaye Sikudhani, ambaye wenzake wamezoea kumwita Mama Kulwa. Yeye ndiye aliyekuwa na mdomo wa kuongea na wageni. Nilimkuta shambani kwake anapalilia.

"Hodi hapa! Habari za kazi?"

"Njema, kaka. Karibu. Ila usikanyage hapo."

Nikarudisha mguu. Mbele yangu, katikati ya shamba, kulikuwa na kipande chembamba cha ardhi kilichoshuka kutoka juu mpaka chini, kitupu kabisa. Hakikuwa na hindi, wala kunde, wala jani moja la magugu. Udongo ulikuwa mweusi na laini, na ulikuwa umelimwa vizuri kuliko shamba lenyewe.

"Hapo pana nini?"

"Hapo ni pa Doto."

Akanieleza, huku jembe likiendelea. Mlowea mtoto akizaliwa hukatiwa sehemu yake shambani, upana wa unyayo mmoja. Kila mvua za kwanza sehemu huongezwa unyayo mwingine, kwa kipimo cha mguu wa mtoto mwenyewe, mpaka atakapojua kushika jembe apande kwa mkono wake. Mtoto akifa, sehemu haifi. Inaongezwa vilevile na inapaliliwa vilevile, ila hakuna mtu anayepanda kitu. Yeye alizaa pacha wa kike, Kulwa na Doto. Doto alichukuliwa na homa akiwa na miezi mitano. Sasa Kulwa alikuwa na miaka saba, na ndiye aliyekuwa anatoa nyayo za wote wawili.

"Walizaliwa siku moja," alisema Mama Kulwa. "Miguu yao ingelingana."

Nikafungua daftari langu kubwa. Nikamwambia kwa upole kwamba sheria inataka sababu.

"Sababu ya nini?"

"Ya kutopanda. Ardhi nzuri hii, dada yangu, na njaa hii."

Akaniangalia kwa namna ambayo watu wa kule huwaangalia watu wa mjini. "Mwenyewe hajaja kupanda," akasema.

"Hiyo si sababu."

"Nikipanda mimi nitakuwa nimempora."

"Basi kwa nini unapalilia?"

"Ee! Mtoto wa watu aje akute majani? Si atasema mama yake alimsahau?"

Niliwaza sana pale, nikiwa nimesimama juani. Wananchi wengi nilikuwa nimewashushia paa zao bila kupepesa macho. Kuna mzee mmoja nilimnyang'anya wimbo aliokuwa akimwimbia ng'ombe wake, na usiku ule nililala fofofo. Lakini udongo ule ulivyokuwa laini ulinishinda. Nikamwambia ukweli: zikipita siku saba bila sababu ya tumbo, litakuja trekta.

Jembe likasimama. "Nisaidie basi, kaka," akasema. "Wewe ndiye unayewajua."

Hapo ndipo nilipokosea, na nakosea kama mtu binafsi, si kama Serikali. Juu ya jani la hindi nilimwona mdudu mdogo mwekundu, ametulia zake hana hili wala lile. Nikaandika: Ukanda usiopandwa huhifadhi wadudu wema wanaokula viwavi waharibifu wa mahindi. Nikamsomea.

"Hao wadudu wapo?" akauliza.

"Kwenye karatasi wapo."

"Na Doto ameandikwa wapi?"

"Hajaandikwa. Ndiyo salama yake hiyo."

Kisha akasema, "Ungeandika nilivyokwambia," lakini dole gumba alilitia wino, akabandika. Jioni ile nikawaandikia wote mia mbili na kumi na wawili sababu hiyohiyo. Walinipikia kuku. Nilirudi mjini najiona mtu mwema, na nilikuwa nimeshiba.

Profesa alipoisoma ripoti yangu alisimama na koti lake. "Ngwali!" akasema. "Unajua ulichoniletea? Wanawake wasiojua kusoma wanafuga jeshi la wadudu, halafu wao wenyewe wanadhani ni watoto waliokufa! Hii ndiyo nadharia inayotembea kwa miguu yake!" Akaipiga muhuri mara tatu. Mwezi uliofuata akaenda ng'ambo kuwahutubia wenzake juu ya wadudu wa Mlowea, na akarudi na nishani.

Mimi nilidhani yamekwisha. Kumbe kitu kikishapewa sababu, sababu nayo inataka kutunzwa.

Mwaka wa pili alipelekwa mtaalamu wa wadudu, Daktari Mwanjisi, kijana mpole asiye na ubaya na mtu. Alipima sehemu zote kwa kamba, akawahesabu wadudu, akapata wanane. Kwa nini wachache hivi? Akaandika kwamba wadudu wanahitaji majani ya kujifichia, na kwamba kosa ni la kinamama wanaopalilia. Ikatoka amri: ni marufuku kupalilia sehemu hizo, adhabu siku kumi na nne za kufagia soko. Majani yakaota mpaka kiunoni. Mama Kulwa aliandika barua, au tuseme alimwandikisha mwalimu wa kijiji, ikafika mezani kwangu. Ilikuwa na mstari mmoja: Kaka, amri ya kumwachia Doto magugu imetoka kwako?

Sikuijibu. Nikaiweka kwenye jalada la Barua za Pongezi, kwa sababu jalada la malalamiko lilikuwa limefungwa kwa kukosa matumizi.

Nasikia alipalilia. Alifagia soko siku kumi na nne, akarudi, akapalilia tena, akafagia tena. Wafanyabiashara wa soko wakaandika kuomba aongezewe adhabu, kwa kuwa hawajawahi kuwa na soko safi namna ile. Lakini mtu mmoja hawezi kufagia soko na kupalilia kila siku, na majani hayangoji. Mwishowe yakamshinda.

Mwaka wa tatu nchi rafiki ikatuletea meli ya dawa ya viwavi. Profesa alituita wote ofisini kwake. Alikuwa na huzuni ya kisomi.

"Mila ya Mlowea," akasema, "imetimiza wajibu wake katika historia. Ukanda mtupu ulikuwa dawa ya mnyonge asiye na dawa. Sasa dawa ipo. Msingi ukibadilika, paa libadilike. Ekari kumi na tatu, waheshimiwa, zimekaa bure! Zilimwe."

Wenzangu wakapiga makofi. Mimi nikabaki nyuma mpaka wote walipotoka, ingawa nina familia.

"Mheshimiwa," nikasema, "wale wadudu niliwatunga mimi."

Akavua miwani. Alinitazama kwa muda mrefu, na nadhani alinihurumia.

"Ngwali, sababu ikishapigwa muhuri si yako tena. Ni mali ya Taifa. Wadudu wale wamo katika vitabu vya vyuo vikuu vitatu. Unataka niwaue?"

"Lakini Mheshimiwa, dawa inayokuja si itawaua?"

"Naam!" akasema. "Na wakifa, utakuwa ushahidi kwamba walikuwepo."

Nikamwambia basi ile sababu ya kweli, kama nilivyoambiwa shambani: kwamba mwenyewe hajaja kupanda. Akatikisa kichwa. Akasema hayo ndiyo maelezo ya mwenye mila, na kanuni ya kwanza ya sayansi yetu ni kutomsikiliza mwenye mila. Akanipa likizo ya siku mbili.

Siku ya kulima nilikuwepo, maana ilibidi mtu abebe kipaza sauti. Magari kumi na tisa yalishindilia barabara ya Mlowea. Profesa alihutubia kwa saa nzima juu ya jukwaa lililopambwa kwa makuti, jasho linamtiririka ndani ya koti. Aliwasifu kinamama kwa hekima ambayo wao wenyewe hawakujua kuwa wanayo. Akamalizia, "Ndugu wananchi, wazee wetu walisema asiyekuwepo na lake halipo! Ardhi ni ya waliopo!"

Makofi yalipigwa na madereva. Katika safu ya mbele Mama Kulwa akanyoosha mkono, na mimi ndiye niliyempelekea kipaza sauti. Hakuniangalia usoni.

"Mheshimiwa," akasema, "akija je?"

"Nani huyo?"

"Mwenyewe."

Profesa akanitazama mimi. Mimi nikatazama viatu vyangu. Ving'ora vyote vilikuwa vimezimwa, na unaweza kusema Serikali nzima ilikuwa inatafuta jibu.

"Akija," akasema Profesa, "afike ofisini ajaze fomu."

Tukaelekea mashambani. Walianza na la Mama Kulwa kwa kuwa lilikuwa karibu na barabara na lilifaa kwa picha. Majani yalikuwa yamesimama katikati ya mahindi mafupi. Dereva wa trekta, mtu mzima mwenye kofia ya kufuma, alikwishaliwasha. Mama Kulwa akamfuata, akamwambia kitu. Hatukusikia kwa ngurumo. Dereva akazima injini.

"Kuna nini?" akauliza Profesa.

"Anaomba apalilie kwanza, Mheshimiwa," akajibu dereva.

"Apalilie? Si tunalima sasa hivi?"

"Ndivyo alivyosema."

Basi akapalilia. Alianza juu akashuka, peke yake, kwa jembe lake la mkono. Kulwa, ambaye sasa alikuwa na miaka tisa, alikuwa anafuata nyuma akiokota majani na kuyaweka kando. Wale kinamama wengine hawakumsaidia. Baadaye nilielezwa kwamba sehemu ya mtoto haishikwi na mtu wa nje. Ilichukua karibu saa nzima. Waziri alisubiri, wapiga picha walisubiri, magari kumi na tisa yalisubiri, na mtu hakuthubutu kumharakisha, sijui kwa nini. Profesa aliniinamia mara moja akaniuliza kwa sauti ya chini, "Hii nayo sababu yake nini?" Nikasema sijui, Mheshimiwa. Niliogopa kwamba nikijua itaandikwa.

Alipofika chini udongo ukawa mweusi na laini kama siku ile ya kwanza. Akasimama, akajinyoosha mgongo. Akamwambia dereva, "Haya." Dereva akavua kofia kabla ya kuwasha, na trekta likapita.

Mbegu ya Serikali ikapandwa, dawa ya Serikali ikapulizwa, na mvua, ambayo bado haijataifishwa, ikanyesha vizuri. Sitaki kuwa mwongo: mahindi yalistawi. Ardhi ilikuwa imepumzika miaka tisa. Nadharia haikukosea hata hapo.

Mwezi wa mavuno, asubuhi moja, niliinua uso nikamwona Mama Kulwa amesimama mbele ya meza yangu. Alikuwa ametoka Mlowea kwa miguu na lori, na kichwani alikuwa na debe la mahindi. Akalitua sakafuni.

"Karibu, dada," nikasema. "Umeleta nini?"

"Ni ya Doto," akasema. "Amevuna debe moja na kisahani. Kisahani kilimwagika njiani."

"Sasa huku—"

"Kwangu siwezi kuyala, wala Kulwa siwezi kumlisha. Kuyauza siwezi. Sehemu yake nimeipalilia kila mwaka, lakini sikuwahi kupokea chake. Mheshimiwa alisema akija atafika hapa. Basi akifika mpeni."

Nikamwambia akae. Hakukaa. Nikamuuliza kama amekula kitu tangu jana, akasema ameshiba. Nikamwambia, kwa shida, kwamba nilipoandika wale wadudu nilikuwa namwonea huruma.

"Najua," akasema. "Ndiyo maana sikukasirika siku ile. Lakini kaka, mimi nilikupa neno la kweli na wewe ukaliona dogo." Macho yake yalikuwa makavu, na sauti yake haikupanda. "Laiti trekta lingekuja siku ile ya saba, wangemlima Doto. Wewe umewafanya wamlime mdudu. Mwanangu hata hakulimwa."

Akatengeneza kanga yake kichwani, akaaga vizuri kama watu wa kwao wanavyoaga, akatoka.

Sasa naomba msomaji anielewe. Mwezi ule unga ulikuwa umeadimika mjini, kwa sababu Wizara ya Chakula ilikuwa inachunguza kwa nini wananchi wanapenda ugali, na maghala yalifungwa hadi majibu yapatikane. Debe lilikaa chini ya meza yangu siku nne. Siku ya kwanza hakuna aliyeligusa. Siku ya pili mhudumu alisema panya wataingia. Siku ya tatu Profesa mwenyewe alipita, akalitazama, akameza mate, akasema lihifadhiwe kama kielelezo. Siku ya nne tuligawana. Waziri alichukua nusu, akaificha ndani ya koti lake, na kwa mara ya kwanza nikaliona koti lile likifanya kazi. Mimi nilipata vibaba viwili.

Nilivipeleka nyumbani ndani ya bahasha ya Serikali. Watoto walikuwa wamelala sakafuni mchana kweupe, wametulia mno. Mke wangu hakuuliza kitu. Alivitwanga mwenyewe, akasonga, akatuita. Watoto waliamka kwa harufu. Tulikula kwa chumvi tupu bila mboga, na nasema wazi mbele ya Mungu kwamba sijawahi kula ugali mtamu vile. Nilikula mpaka nikaramba vidole, huku machozi yananidondokea kwenye sinia, na mwanangu wa mwisho akaniuliza kama ni moshi.

Mke wangu alipomaliza kukusanya vyombo ndipo akauliza, "Mahindi haya ya nani, baba watoto?"

"Ya Doto," nikasema.

"Doto yupi? Mtu wa ofisini kwenu?"

Alichukua kunyamaza kwangu kuwa ndiyo.

"Ana roho nzuri huyo," akasema, akifuta mikono. "Siku hizi nani anampa mtu chakula? Kesho ukimwona mwambie watoto wamekula, wameshiba, na tunamshukuru sana. Usisahau."

Nikasema nitamwambia.